Wigo wa Kamongo

Mimi si mtu wa kuomba msamaha ovyo. Waulize watu wa mwalo wa Ggaba, watakwambia Mama Byron akikukanyaga mguu anakuuliza kwa nini umeuweka pale. Kwa hiyo nikisema wigo ule niliujenga mimi, kwa akili yangu mwenyewe na kwa waya nilioubeba begani, usidhani nataka kuhurumiwa. Nataka tu mtu mmoja aujue ukweli, maana waliokuwepo wote wamenyamaza, na mimi nimenyamaza pamoja nao.

Nilihamia Kampala, hapa Ggaba kando ya ziwa, mwaka wa themanini na saba, vita vimekwisha na kila mtu anatafuta pa kuanzia. Kwetu ni Samia, upande wa Kenya. Mwanangu Byron nilimwacha kwa wazazi wa baba yake, lakini mdogo wangu Nerima nilikuja naye, akiwa na miaka kumi, kwa sababu mama yetu alikuwa amefariki na hakubaki mwingine wa kumtunza. Nilimlea kwa ukali, sikufichi. Nilimsuka nywele nikimgombeza, nilimpeleka shule nikimgombeza, na siku alipoolewa na Odero, fundi wa mitumbwi wa kisiwa cha Koome, nililia jikoni peke yangu, kisha nikatoka nje nikamgombeza Odero. Nerima alizoea. Nikianza kufoka alikuwa anakunja mikono, ananitazama, na kunisubiri nimalize kama mtu anayesubiri mvua ipite. Halafu anacheka. Ni yeye peke yake aliyeweza kunicheka usoni na mimi nikanywea.

Wakati huo nilikuwa nauza sato na sangara kama wenzangu. Kisha magugu maji yakaja.

Mwanzoni watu waliyapenda, wasikudanganye. Yana ua zuri la zambarau, na Bi Hajara, mwenye duka la nyavu na misumari pale juu ya mwalo, aliyaotesha kwenye karai mbele ya mlango wake. Bi Hajara ni wa zile familia za Kiislamu ambazo babu zao walifika Buganda kwa biashara kutoka pwani, na kwake duka bila pambo si duka. "Mama Byron, hebu tazama Mungu alivyoumba," aliniambia. Baada ya mwezi karai lenyewe halikuonekana. Baada ya miaka michache ghuba ilikuwa hivyo hivyo. Asubuhi unaamka ziwa liko pale, mchana unatazama unaona malisho ya kijani yanayopumua polepole, na ndege wenye miguu mirefu wanatembea juu yake bila wasiwasi.

Yale majani hayakukaa tu juu ya maji. Yaliyageuza maji yenyewe. Chini yake jua halikufika, maji yakawa meusi na mazito, yakanuka. Sato wakakimbia. Konokono wakajaa kwenye mizizi, mbu wakajaa, watoto wakaanza kukojoa damu. Wauza sato walilia, na mimi nililia nao siku mbili tatu, kisha nikaona kitu.

Kamongo hakukimbia. Yule samaki mrefu mwenye mwili kama mkono wa mtu mnene hategemei maji peke yake. Hupanda juu, huvuta pumzi, hurudi chini kwenye tope. Maji machafu hayamsumbui, na konokono ndio chakula chake. Chini ya magugu alinenepa. Wenyeji wengi hawamgusi, wengine kwa sababu ukoo wao unamkataza, kwa hiyo hakuna mama wa Ggaba aliyekuwa akimuuza. Lakini wanaume wa karakana za Katwe kule mjini, wanaogonga mabati na kuchomelea milango tangu alfajiri, supu ya kamongo wangeinywa hata kwenye ndoo. Wanasema inatia nguvu. Mimi nilisema kunyweni, nguvu ni zenu.

Shida ilikuwa moja. Magugu yalikuja na upepo na kuondoka na upepo. Leo yako mwaloni, kesho yamehamia upande wa Munyonyo, na kamongo wanayafuata. Nikakaa nikafikiri. Kama mbuzi anafungwa kamba, majani yatashindwa nini?

Nilimtafuta Owuor, Mjaluo wa Kisumu, mtegaji mpole ambaye hajui kukataa. Tulikata miti mibichi ishirini na miwili, akaipigilia kwenye tope kuanzia kwenye mafunjo ya ufukweni kuelekea maji ya kina, kwa umbo la upinde. Waya niliutoa duka la Bi Hajara, nikaubeba begani hadi majini. Tukaifunga miti mistari mitatu, mmoja juu, mmoja katikati, mmoja chini. Dawudi, Mganda, mwenyekiti wa mwalo, alikuja kusimama na mwavuli wake.

"Nyabo, mimi sikatazi," alisema, akiniita bibi kwa Kiganda. "Rakini wacha njia ya boti. Hapa mpaka kwa mawe, usiguse."

Tuliacha njia, hatua thelathini hivi, kati ya mwisho wa wigo na mawe ya gati. Sikumwibia mtu hata hatua moja. Magugu yaliingia kwenye wigo kwa upepo wa kwanza na hayakutoka tena, na Owuor akaanza kutega. Wiki ya kwanza tulipata kamongo wengi hadi nikakosa kuni za kuwakaushia. Miezi minane nilikuwa mtu mkubwa. Katwe waliniita Mama Kamongo, na nilifurahi kuitwa hivyo.

Na ndani ya wigo mambo hayakusimama. Mizizi ilikamata tope lililokuwa likipita, majani ya zamani yakazama na kuoza, mapya yakaota juu yake. Mbegu za mafunjo zikaangukia pale zikashika. Nyasi zikaota. Ndege akataga mayai. Miti yangu miwili ikachipua. Siku moja Owuor alitoka kutega, amepaka tope hadi mabegani, akasema, "Mama Byron, hii kitu si majani tena. Hii ni shamba. Tupande viazi." Nilicheka mpaka nikashika mbavu. Nilikuwa nimeshaanza kufikiria wigo wa pili.

Nerima alishika mimba mwaka huo, ya kwanza. Koome kulikuwa na mzalishaji mmoja tu, mama Mwacholi aitwaye Santa, mzoefu lakini mikono mitupu. Nikampelekea Nerima ujumbe kwa boti ya Jumanne: Jumamosi uje, ukae kwangu, siku zikifika nikupeleke hospitali Mengo. Nikaongeza kwamba akichelewa nitakuja kumvuta kwa sikio. Alinijibu kupitia nahodha kwamba sikio liko tayari.

Hakuchelewa. Jumamosi saa tatu asubuhi niliiona boti ya Odero mbali, nikaijua kwa kiraka cheupe cha ubavuni. Nikanawa mikono, nikaenda kwenye mawe.

Alfajiri hiyo upepo ulikuwa umevuma kutoka ziwani, na magugu yalikuwa yameingia. Zulia kubwa, sijui ukubwa wa viwanja vingapi vya mpira. Lilikuwa limeziba njia ya hatua thelathini, limeziba gati, limejaa hadi ufukweni, na bado lilikuwa linasukumwa. Hatukushtuka. Mambo hayo yalikuwa yanatokea; boti inasubiri kidogo nje, upepo unageuka, njia inafunguka. Lakini Odero hakusubiri. Aliingiza boti kwenye magugu kwa kasi, injini ikipiga kelele, akafika mbali kuliko nilivyodhani, kisha injini ikakohoa na kuzima. Mizizi ilikuwa imejifunga kwenye pangaboi. Nyuma yake majani yakajifunga tena, na boti ikawa katikati ya kijani kitupu.

Kutoka kwenye mawe hadi ile boti ni mwendo wa kutoka duka la Bi Hajara hadi choo cha mwalo. Nilikwenda kuupima baadaye. Hatua tisini.

"Shemeji!" Odero aliita, amesimama. "Imeanza! Imeanza tangu usiku!"

Ndipo nilipomwona Santa ameinama katikati ya boti, na karibu naye leso ya manjano niliyomnunulia Nerima mimi mwenyewe.

Tulijaribu kila kitu. Usije ukaniuliza kama tulijaribu hiki au kile, maana nimeulizwa na watu wasiojua. Owuor aliingia na mtumbwi mdogo na panga, akakata saa nzima, akasogea urefu wa kitanda. Alichokata mbele kilirudi kujifunga nyuma, na ikabidi naye avutwe kwa kamba. Vijana walitandika mbao juu ya majani wakajaribu kutembea. Majani yanabeba ndege, yanabeba mbwa, hayabebi mtu. Wa kwanza alizama hadi kifuani, wakamtoa amemeza maji meusi. Kamba walirusha ikaanguka nusu njia. Odero aliruka majini ajaribu kuivuta boti, miguu ikanaswa, Santa akamkamata shati akamrudisha ndani. Rafiq, mpwa wake Bi Hajara, alileta pikapu akaigeuza ikaelekea mjini, godoro nyuma, milango wazi. Ilikaa hivyo mchana kutwa.

Watu walijaa ufukweni. Tulikuwa watu mia na zaidi, tunaona kila kitu, tunasikia kila kitu. Nerima akiguna tulisikia. Santa akimwambia vuta pumzi tulisikia. Bi Hajara alikuwa anasoma dua kwa sauti ndogo, na mimi nilitembea juu ya yale mawe kwenda na kurudi, nikitukana majani, nikimtukana Odero, nikiwatukana vijana kwamba wanakata kama wanachuma mboga.

"Dada!" Nerima aliita, sauti nyembamba. "Uko wapi?"

"Niko hapa! Hapa kwenye mawe!"

"Mbona hunigombezi?"

"Nitakugombeza ukifika!"

"Basi niko mbaya kweli leo," akasema, na nikamsikia anacheka, kisha uchungu ukamkamata na kicheko kikageuka kilio.

Saa nane upepo uligeuka. Nilihisi shingoni, kila mtu alihisi, na watu wakaanza kupiga makofi. Tulitazama upande wa Munyonyo tukaona kijani kinaachana na ufukwe, maji meupe yanatokea katikati. Upande wa pili wa ghuba vilevile. Magugu yalikuwa yanaondoka, makubwa kwa madogo, yanarudi ziwani kwa upole kama watu wanaotoka kanisani.

Yetu hayakuondoka.

Yalivutika, yakatetemeka, yakasimama. Dawudi alifunga mwavuli wake. Alitazama lile zulia kutoka mwanzo hadi mwisho, jinsi lilivyokunjamana upande mmoja, halafu akanitazama mimi. Ni Owuor aliyesema, na alinong'ona, wala watu wa karibu hawakusikia.

"Mama Byron, ni wigo wetu. Imeshika."

Niliona hata kabla hajamaliza. Yale ya wigo yalikuwa yamesukana na haya mapya, shina kwa shina, mzizi kwa mzizi, na yale ya wigo hayakuwa yakielea. Yalikuwa yameota. Zulia lote lilikuwa limening'inia kwenye nguzo zangu ishirini na mbili.

Nilichukua koleo la kukatia waya dukani kwa Bi Hajara bila kuomba. Nikajifunga leso kiunoni nikaingia majini, Owuor nyuma yangu, na Dawudi na nguo zake zote. Nilitegemea kuogelea. Tulipopigilia zile nguzo maji yalikuwa yamemzidi Owuor kimo, alikuwa anafanya kazi akiwa juu ya mtumbwi. Sasa nilisimama. Tope lilinifika magotini na maji kiunoni. Kwa miezi minane ile ziwa lilikuwa limejazwa kutoka chini, nami nilikuwa juu naitwa Mama Kamongo.

Waya wa juu niliuona, nikaukata. Wa katikati ulikuwa ndani ya mizizi minene kama paja, ikabidi niukate kwa kupapasa. Wa chini ulikuwa umefukiwa kabisa. Tulijaribu kung'oa nguzo, watatu tukakumbatia moja, haikutikisika. Zile mbili zilizochipua zilikuwa na majani mapya, ya kijani ya kung'aa, yananipapasa usoni.

"Pore pore, nyabo, utajikata," Dawudi alisema.

"Wewe kata, usinifundishe!"

Tulikuwa nguzo ya tano tuliposikia mtoto analia.

Sauti kali, ya hasira. Ufukweni wanawake wakapiga vigelegele, Bi Hajara akapaza sauti kumshukuru Mungu, na Odero akaita, "Msichana! Shemeji, msichana!" Nilisimama kwenye tope nikacheka na kulia kwa wakati mmoja. Nilifikiri imekwisha. Nilifikiri sasa tunaweza hata kusubiri mpaka jioni, mama na mtoto watalala kwenye boti, kesho tutasimulia tunacheka.

Kisha Santa akasema kitu kwa Kiacholi, haraka, na Odero akaacha kuita.

"Odero! Kuna nini?"

"Damu," alisema. "Shemeji, damu haikatiki."

Nilijua maana yake. Mama yetu alikufa hivyo, na Nerima alikuwa anajua kwamba mama yetu alikufa hivyo. Nikapiga kelele kumwambia Santa akande tumbo, amweke mtoto titini, anyanyue miguu, na Santa akajibu kwamba anafanya yote hayo, anafanya, anafanya. Nikarudi kwenye waya. Mikono yangu ilikuwa imechanika na sikuhisi.

"Dada." Sauti yake sasa ilikuwa ndogo, lakini maji hubeba sauti, na watu wote mia walikuwa wamenyamaza. "Nataka kulala."

"Usilale! Nerima, usithubutu kulala!"

"Basi nigombeze. Ukinigombeza sitalala."

Nikamgombeza. Mungu ananiona, nilimgombeza. Nilimwambia kuhusu chungu cha mama alichokivunja tukiwa njiani kuja Kampala, akasema kimevunjika chenyewe. Nilimgombeza kwa viatu vya shule alivyopoteza kwenye mtaro wa Kansanga, kiatu kimoja kimoja, siku mbili mfululizo. Nilimwambia alikuwa mvivu, alikuwa anaficha ugali chini ya sahani, alikuwa anaimba kanisani kwa sauti kubwa na maneno hayajui. Nilimwambia nani aolewe na fundi wa kisiwani wakati makarani wapo, nani, mjinga gani. Huku nakata. Waya unakatika, ninashika mwingine, nafoka. Mara mbili nilimsikia anacheka, kicheko cha puani tu. Mara ya tatu nilisikia "Mmh." Nikaendelea. Nilimgombeza kwa mambo ambayo hakuyafanya, kwa mambo niliyoyafanya mimi, maana nilikuwa naishiwa.

"Shemeji," Odero akasema. "Shemeji, acha. Amelala."

Sikuacha. Owuor ndiye aliyenishika mkono wenye koleo.

Waya wa nguzo ya kumi na moja ulipoachia, zulia lilichanika. Lilichanika kwa mlio, kama nguo nzito, na likaanza kwenda lenyewe bila kusukumwa na mtu, likipita mbele ya macho yetu na maua yake. Kwa muda wa kuchemsha chai njia ilikuwa wazi. Maji yalitulia safi hadi kwenye mawe. Odero alipiga kasia mara chache tu, boti ikafika. Saa kumi kasoro.

Rafiq alitupeleka hospitali hata hivyo. Tulipanda nyuma, mimi nimeshika kichwa chake kwenye godoro, Santa na mtoto mbele, na watu wakatupisha barabarani. Hospitalini daktari alitoka baada ya muda mfupi sana. Alikuwa kijana, aliniambia pole, akaniuliza kwa nini hatukumleta mapema.

Nyumbani matanga yalikaa siku mbili, tukisubiri gari la kumpeleka Samia. Watu walilala uani, Wakenya wa Ggaba na wa Katwe wote, na majirani Waganda, na akina Bi Hajara. Watu wanaolia wanakula, na siku ya pili chakula kilikwisha. Owuor akatoka bila kuambiwa. Nusu ya wigo ilikuwa bado imesimama, na majani yake, na mitego yake chini. Alirudi na kamongo wanne, wakubwa kuliko wote tuliowahi kupata. Aliwaweka jikoni akasimama mlangoni, hajui kama nitamfukuza. Sikuwa na kitu kingine cha kuwapa watu. Nikachukua kisu.

Wanawake walipika, wakaniletea mchuzi kwenye kijiko nionje chumvi. Nikaonja. Nikasema imetosha.

Ilikuwa baada ya kula ndipo Odero aliposimama. Kabla ya Jumamosi ile yeye alikuwa hajafika mwaloni kwetu tangu mwaka uliotangulia, na ule wigo ulipokuwa umefunikwa hivyo, mtu aliye kwenye boti haoni nguzo wala waya. Anaona majani, na watu ndani yake wanakata. Alikuwa amemshika mtoto ndani ya ile leso ya manjano, imefuliwa lakini doa halikutoka lote.

"Mimi si mtu wa maneno," alisema. "Lakini niliona. Watu wote walisimama kwa mawe, na huyu shemeji wangu aliingia ndani ya maji. Mwanamke. Alikata ile majani na mikono mpaka ikapasuka. Kama si yeye, hata huyu mtoto singefika na yeye." Akamvuta mtoto karibu. "Kwetu jina tunapatia la mtu alikufa. Lakini la Nerima siwezi kuita kila siku. Huyu nitamwita Nabalayo."

Hilo ni jina langu.

Watu waliitikia kwa sauti moja, wengine wakapiga makofi polepole kama inavyofaa kwenye matanga. Bi Hajara alitazama chini, akawa anakunja na kukunjua pindo la mtandio wake. Dawudi alijifanya anatafuta mwavuli. Owuor alikuwa ameketi karibu na mlango, sahani magotini, na mfupa wa kamongo mkononi, na hakuula wala hakuuweka chini.

Nilisimama. Nilikuwa na maneno yote. Nimeishi maisha yangu yote nikiwa na maneno. Nilitaka kusema, Odero, kaa chini, kuna waya ambao hukuuona. Odero akaja mpaka mbele yangu, macho yamevimba, akanyoosha mikono, akaniwekea mtoto kifuani. Alikuwa mwepesi, na alinuka maziwa ya kopo. Akafungua macho, akakunja uso, akanitazama na kusubiri, kama mtu anayejua kwamba nitaanza kufoka.

"Asante," nikasema.